Hukumu ya Hakimu na Shibri ya Ardhi

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake, na sahaba zake wote. Ama baad.

Ndugu zetu Waislamu wa Nairobi, leo twataka kusema nanyi juu ya jambo ambalo misikitini mwetu halitajwi sana, na hali limeingia katika nyumba zetu: nalo ni mashtaka ya ardhi na mipaka. Mwenye kupita asubuhi katika mahakama za Milimani, siku ambayo Mahakama ya Mazingira na Ardhi inasikiliza kesi, ataona kofia na mabuibui si haba katika mabaraza yake. Na mara nyingi wanaosimama pande mbili mbele ya hakimu ni watoto wa baba mmoja, au majirani waliosali safu moja miaka mingi. Kila mmoja ana wakili wake, na faili lake, na ramani yake, na ashindaye hutoka nje akasema, "Alhamdulillahi, Mungu amenipa haki yangu."

Neno hili ndilo tutakalo kulichungua. Je, aliyeshinda kesi ndiye mwenye haki? Ardhi iliyokuwa haramu kwako asubuhi, yaweza kuwa halali kwako adhuhuri kwa sababu hakimu ametia sahihi?

Jawabu la suali hili limetoka kwa hakimu mwadilifu kuliko mahakimu wote. Wamepokea Bukhari na Muslim kwa Bibi Ummu Salama (r.a.) kwamba Mtume (s.a.w.) aliwaambia waliomletea ugomvi kuwa yeye ni mtu, na kwamba huenda mmoja wao akawa hodari wa kupanga hoja kuliko mwenziwe, naye akahukumu kwa vile alivyosikia, basi aliyehukumiwa kupata kitu katika haki ya nduguye na asikitwae, kwani alichokatiwa ni kipande cha moto. Na katika mapokezi ya Abu Daud imeelezwa kuwa ugomvi wenyewe ulikuwa wa mirathi ya zamani, na wadai hao wawili hawakuwa na shahidi. Waliposikia maneno hayo walilia wote wawili, kila mmoja akamwambia mwenziwe: haki yangu naichukue wewe. Mtume akawaamuru wagawane, watafute iliyo haki, wapige kura, kisha wasameheane.

Tazameni basi. Ikiwa hukumu ya Mtume mwenyewe, aliyekuwa akiteremshiwa wahyi, haimhalalishii mtu mali isiyokuwa yake, itakuwaje hukumu ya hakimu wa Milimani, ambaye ajua tu yaliyoandikwa katika makaratasi aliyoletewa? Imamu Abu Hanifa ana kauli yake katika hukumu za ndoa na mikataba, na wanavyuoni wamejadiliana naye. Lakini mtu kudai tu kuwa mali hii ni yangu, na hali si yake, hapana imamu katika wale wanne aliyesema kuwa hukumu itamhalalishia. Hakimu huondoa ugomvi wa dhahiri ili watu wasipigane. Kilicho batini kimebaki pale pale kilipokuwa.

Na katika mali zote, ardhi imetajwa peke yake kwa onyo kali. Amepokea Said bin Zaid (r.a.) kuwa mwenye kutwaa shibri moja ya ardhi kwa dhulma atavikwa shingoni siku ya Kiyama kutoka ardhi saba. Na katika Sahihi Muslim, kwa mapokezi ya Sayyidna Ali (r.a.), amelaaniwa mwenye kugeuza alama za mipaka. Said huyo mwenyewe alishtakiwa na mwanamke aitwaye Arwa mbele ya Marwan bin Al-Hakam, liwali wa Madina, kuwa ameingia katika ardhi yake. Said akastaajabu: vipi atwae ardhi ya mtu naye ameisikia hadithi hiyo kwa Mtume? Marwan hakumtaka ushahidi zaidi. Said akamwomba Mungu, ikiwa mwanamke huyo ni mwongo, ampofue macho na amwulie katika ardhi yake. Akapofuka, akatumbukia katika kisima kilichokuwamo humo akafa. Watu wengi hudhani kuwa dhulma ya ardhi ni kuitwaa tu. Arwa hakutwaa kitu. Dhambi yake ilikuwa ni kufungua kesi ya uwongo.

Shibri ni upana wa kiganja kilichotandazwa. Katika mashamba ya zamani mtu angeweza kuipuuza. Lakini nendeni leo Parklands, au Kilimani, au Kileleshwa, pale palipokuwa na nyumba moja na bustani yake, muone maghorofa yalivyosimama ukuta kwa ukuta. Hapo shibri ni fedha nyingi, na kwa ajili yake mjenzi hung'oa bikoni usiku, akaweka zege juu yake, kisha akasema hapakuwa na kitu.

Yafaa tueleze kidogo namna mipaka ilivyo katika mji huu, kwani wengi hugombana kwa ujinga kabla ya kugombana kwa tamaa. Viwanja vya katikati ya mji, na vya Westlands, na vya Lavington, vimepimwa kwa hesabu, na kila pembe ina bikoni yake. Mpimaji aliyesajiliwa aweza kuirudisha mahali pake hata ikiwa imeng'olewa. Lakini miliki nyingi za Riruta, na Waithaka, na Kawangware asili yake ni ule ugawaji wa mashamba uliofanywa katika nchi ya Wakikuyu tangu miaka ya 1950. Huko mpaka ni ua wa miti, au mfereji, au njia ya miguu, na ramani ya ofisi yaonyesha mpaka kwa kukisia tu. Basi mtu akiuacha ua wake ukatanuka kidogo kidogo kila mwaka kuelekea kwa jirani mjane, au akaukata akaupanda upya hatua moja mbele, ramani haitamfichua upesi. Amfichuaye ni mzee wa mtaa anayekumbuka, naye akifa siri imekufa naye. Hapo ndipo ilipo laana ya mwenye kugeuza alama.

Sheria ya nchi imelijua jambo hili. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012, katika kifungu chake cha 18, yaizuia mahakama kusikiliza ugomvi wa mpaka wa ardhi iliyosajiliwa mpaka kwanza mpaka huo uamuliwe na Msajili wa Ardhi, ambaye huja na mpimaji, akawaita majirani, akasikiliza, akapima. Watu wangapi wamelipa mawakili fedha za kusomesha watoto, kisha wakaambiwa na hakimu warudi kwa Msajili! Na afisi za Ardhi House haziko mbali na mahakama hiyo. Ni mwendo wa miguu.

Hayo ni ya mipaka. Ama kuhusu miliki yenyewe, kuna watu ambao hati ya ardhi imekuwa kwao kama aya iliyoteremshwa. "Nina hati," basi mazungumzo yamekwisha. Hati ni shahidi mkubwa, wala hatuidharau. Mwenyezi Mungu ametuamuru katika Sura ya Al-Baqara tuandike madeni yetu na tushuhudishe, na aliyeacha kuandika ameiacha haki yake jangwani. Lakini shahidi aweza kuwa mwongo. Sheria hiyo hiyo ya mwaka 2012, katika kifungu cha 26, imesema kuwa hati yaweza kupingwa ikiwa imepatikana kwa udanganyifu, au kinyume cha sheria, au kinyume cha taratibu, au kwa ufisadi. Na Mahakama ya Rufani ilikwisha kusema mwaka 2013, katika kesi ya Munyu Maina, kuwa asili ya hati inapotiliwa shaka, haimtoshi mtu kuipunga hati hiyo mbele ya hakimu. Lazima aonyeshe aliipata vipi.

Kubwa zaidi ni hukumu ya Mahakama ya Juu Zaidi ya tarehe 21 Aprili 2023, katika kesi ya kampuni ya Dina Management na serikali ya Kaunti ya Mombasa. Ijapokuwa kiwanja chenyewe kiko Nyali, hukumu yake yamfunga kila mtu wa Nairobi. Kiwanja kilitolewa mara ya kwanza mwaka 1989 kwa Rais wa wakati ule, Daniel arap Moi, kisha kikauzwa mkono kwa mkono mpaka kikafika kwa kampuni hiyo, nayo ikasema: sisi tumenunua kwa nia safi, na hati yetu ni sahihi. Mahakama ikakataa. Ikasema kuwa ugawaji wa kwanza haukufuata sheria, na asiyekuwa na miliki hawezi kumpa mwengine miliki, hata mnunuzi awe na nia safi namna gani. Mwezi wa Septemba mwaka ule ule, katika kesi ya Torino Enterprises juu ya ardhi ya Embakasi, mahakama hiyo ikasema kuwa barua ya ugawaji peke yake si miliki.

Mwanafunzi wa fikihi akisoma hukumu hizi hastaajabu hata kidogo. Katika mlango wa ghasbu wanavyuoni wetu wamesema tangu karne nyingi kuwa kilichonyang'anywa hurudishwa kwa mwenyewe popote kilipo, na kwamba mnunuzi asiyejua humrudia aliyemwuzia kudai fedha zake, na katika mlango wa dhamana wameitaja dhamana ya daraki, ya kumlinda mnunuzi na msiba kama huu. Basi Mwislamu akiambiwa kiwanja cha skuli, au cha makaburi, au cha barabara kinauzwa, "na hati iko tayari," asiseme dhambi ni ya muuzaji.

Na kinyume chake kipo pia: mwenye haki asiyekuwa na karatasi. Ndugu zetu Wanubi wa Kibra, wazee wao walikuwa askari wa Kisudani waliowekwa katika msitu ule mwanzoni mwa karne ya 20, katika ardhi ya ekari zaidi ya 4,000. Walizaa humo, wakazika humo, wakajenga misikiti humo, na kwa muda wa karne nzima wakaambiwa ni wapangaji wa serikali. Ilikuwa mwaka 2017 ndipo walipopewa hati ya jamii, nayo ni ya ekari 288. Hati na haki ni vitu viwili. Yatupasa kujitahidi vikutane.

Wako wasemao kuwa Mwislamu haimfalii kabisa kwenda mahakama za serikali. Maneno haya yana haja ya kupambanuliwa. Katiba ya mwaka 2010, ibara ya 170, yampa Kadhi hukumu za hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi baina ya Waislamu waliokubali. Ugomvi wa mpaka baina ya majirani haumo. Na Mtume (s.a.w.) aliusifu mkataba wa Fudhul, uliofungwa nyumbani kwa Abdallah bin Jud'an kabla ya utume ili kuwarudishia haki waliodhulumiwa, akasema kuwa lau angeitwa katika Uislamu kwa mfano wake angeitikia. Kwenda kudai haki yako si kosa. Kosa ni uendako na uwongo.

Na uwongo wa mahakamani una sura nyingi. Iko rashwa, nayo Mwenyezi Mungu ameitaja pamoja na kula mali kwa batili katika Al-Baqara, aya ya 188, alipokataza mali isipelekwe kwa mahakimu ili watu wale sehemu ya mali za wenzao kwa dhambi na hali wanajua. Viko viapo vya maandishi, ambavyo mtu hutia sahihi mbele ya kamishna wa viapo bila hata kuvisoma, akasema "wakili ndiye aliyeandika." Ewe ndugu, aliyeapa ni wewe! Mtu wa Hadhramaut na mtu wa Kinda walifika kwa Mtume (s.a.w.), yule wa kwanza akidai kuwa ardhi ya baba yake imetwaliwa, na wa pili akisema kuwa ardhi i mkononi mwake na yeye ndiye ailimaye. Mdai akaulizwa kama ana shahidi, hakuwa naye. Akaambiwa basi hana ila yamini ya mwenziwe. Akalalamika kuwa mtu huyo ni fasiki, hajali analoapia. Hakupata ila hilo. Lakini yule alipogeuka kwenda kuapa, Mtume akasema kuwa akiapa ili aile mali ya mwenziwe kwa dhulma atakutana na Mungu naye amempa mgongo. Kesi angeshinda. Nani angependa ushindi huo?

Wala tusinyamaze juu ya wale wanaokwenda kwa waganga ili ulimi wa hakimu ufungwe, wakaandikiwa makombe na talasimu, au wakasoma Halbadiri kumwangamiza mpinzani wao ili kesi ife. Majina ya mashujaa wa Badri, waliomwaga damu zao kwa haki, yageuzwe silaha ya ugomvi wa kiwanja cha Kangemi! Mwenye haki ana shahidi, na ana dua ya aliyedhulumiwa, ambayo haina pazia baina yake na Mungu. Basi talasimu ya nini?

Sasa tufike kwenye suali lililoletwa katika darsa yetu, nalo ndilo lililotufanya tuandike. Mtu mmoja ameuliza hivi. Nduguye wa baba na mama alifariki miaka 16 iliyopita, akaacha kiwanja cha futi 50 kwa 100 upande wa Riruta, kilichosajiliwa kwa jina lake, na akaacha mke na binti wawili wadogo. Wazee wao walikwisha kufa, wala hapana ndugu mwengine. Mjane alihama na wanawe. Yeye muulizaji akabaki katika kiwanja, akajenga vyumba vya kupangisha kwa fedha zake. Sasa mabinti wamekuwa watu wazima, wanadai. Wakili amemwambia kuwa sheria ya nchi yampa nguvu, kwani aliyekaa katika ardhi ya mtu miaka 12 kwa dhahiri bila ya idhini, mwenyewe asimtoe, aweza kuomba mahakama imwandike yeye. Auliza: ikiwa mahakama itampa, ni halali?

Kwanza, sheria yenyewe huenda isimfae kama alivyoambiwa, kwani aliyeingia kwa idhini, au kwa kuangalia mali ya jamaa, miaka yake haihesabiwi hivyo. Lakini tuseme mahakama imempa. Je, katika dini muda huihalalisha haki ya mtu? Dola ya Kiislamu ya Uthmani ilipoandika kanuni zake katika Majalla, baina ya mwaka 1869 na 1876, iliweka kuwa kadhi asisikilize madai ya miliki na mirathi yaliyoachwa miaka 15 bila ya udhuru. Wenye kutafuta njia hukimbilia hapo. Na wasome mbele kidogo: kifungu cha 1674 kimesema wazi kuwa haki haianguki kwa kupita muda, na kwamba mdaiwa akikiri mbele ya kadhi kuwa haki ni ya mdai, hauzingatiwi muda uliopita. Na kifungu cha 1663 kimeuhesabu utoto kuwa ni udhuru. Muda humzuia kadhi kusikiliza, kwa kuwa mashahidi hufa na uzushi huwa mwingi. Haumpi mwizi miliki. Nawe muulizaji umekwisha kukiri kwetu, kwa kalamu yako, kuwa kiwanja ni cha nduguyo.

Basi haki yako ni hii. Mke ana thumuni. Mabinti wawili wana thuluthi mbili. Kinachobaki ni chako kwa uasaba. Tukikigawa kiwanja mafungu 24, mjane ana 3, mabinti wana 16, nawe una 5. Katika futi za mraba 5,000, fungu lako ni kama 1,041. Hizo ni zako kwa hukumu ya Mungu, hazina haja ya miaka 12 wala ya wakili. Zilizobaki ni mali ya mjane na mayatima, na wajua yaliyoelezwa katika Sura ya An-Nisaa, aya ya 10, juu ya wenye kula mali ya mayatima kwa dhulma, kuwa wanakula moto matumboni mwao. Moto ule ule uliotajwa katika hadithi ya Ummu Salama.

Ama vyumba ulivyojenga kwa fedha zako, thamani ya vifaa vyake ni yako. Lakini ardhi ya wenzio uliyoikalia ina kodi ya mfano wake tangu siku uliyoishika, nayo ni deni juu yako mpaka uilipe au wakusamehe, na wasamehe kwa kuridhika, si kwa kuonewa haya. Nenda pamoja nao kwa Kadhi mfunguliwe mirathi. Kisha aitwe mpimaji. Ikiwa kiwanja hakigawanyiki, kithaminiwe na mthamini asiyekuwa jamaa wa yeyote, mmoja wenu awanunue wenziwe, au kiuzwe mgawane kwa mafungu yale yale. Kisha majina yaandikwe Ardhi House, na ya mabinti yawemo, yasiwe ya ami yao kwa niaba yao. Ombi lile ambalo wakili amekwisha kulitayarisha, mwambie alichane kabla ya kufikishwa mahakamani. Ada yake mlipe, kwani kazi ameifanya.

Na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi zaidi.